Mjomba wa Daktari

Tottenham, London
Jumamosi, 16 Agosti 2025

Miradie ameingia chuo cha udaktari, kaka! Udaktari! Wa kutibu watu!

Haya, sasa nikusalimu kama mtu aliyelelewa. Hujambo kaka yangu Séraphin? Wifi yangu Armelle hajambo? Cherehani yako haijambo? Sisi huku wazima kwa neema ya Mungu. Baba Miradie bado yuko kwenye zamu za usiku kule uwanja wa ndege, upande wa Hounslow. Habari hii aliipokea kwa kusema "Mungu ni mkubwa" na kulala na viatu. Mimi bado natunza wazee. Yule bibi yangu wa Queensbury, Bibi Madhu, Mhindi aliyezaliwa Kisumu, anakusalimu. Wewe unajua Kiswahili chake ni cha kuagiza tu, leta hii, ondoa ile. Lakini nilipomwambia habari aliniambia, "Kaa chini wewe!" akanipikia chai yeye mwenyewe. Miaka yote namwogesha, sijawahi kuonja chai yake. Ni tamu kupita kiasi, lakini niliimaliza.

Ilikuwa hivi. Alhamisi majibu ya mitihani yalitoka. Miradie alifungua kompyuta, akasogeza uso kwenye kioo. Nikamwuliza, "Umefaulu?" Akanijibu kwa Kiingereza chake cha puani kwamba ndiyo, lakini tafadhali mama usipige kelele, majirani wamelala. Kaka, nilifungua dirisha kwanza.

Kanisani nitatangaza kesho, ila Mama Gires amekwisha kujua. Yule ambaye mwanawe Gires anasoma kompyuta, na tumesikia habari za hiyo kompyuta kila Jumapili mpaka tukazoea kama tenzi. Nilimkuta kituo cha basi, nikamwambia, "Pole na goti lako, mama. Vumilia kidogo, sasa tuna daktari." Basi lilikuja, akakataa kupanda nililopanda mimi.

Chuo kimemtumia majina ya vitabu vya kusoma kabla ya kuanza, vyote tumevinunua, nimevipanga mezani, mgeni akiingia avione. Viko vya aina mbili. Vya kwanza ni visa vya wagonjwa: kila sura mtu mmoja, alikuja akilalamika nini, daktari akamwuliza nini, mwisho wakagundua nini. Hivyo naelewa. Vya pili ni historia ya Wacherokee. Hao ni watu wa Amerika, wenyeji wa kule kabla ya Wazungu kufika. Sasa daktari anataka nini kwa Wacherokee? Mimi sijui, na Miradie nikimwuliza anasema, "Mama, bado sijasoma." Wewe ulifika madarasa ya juu kuliko mimi, niambie, maana Mama Gires ataniuliza.

Naandika kwenye karatasi kama ulivyotaka, kwa vile ulisema kioo cha simu yako kimeharibika na ujumbe hausomeki. Anakuletea mtu wa kanisa letu anayekuja Nairobi.

Mimi mdogo wako, mama wa daktari,
Thérèse


Kayole, Nairobi
9 Septemba 2025

Mdogo wangu Thérèse, Mama Daktari,

Salamu nyingi kutoka kwetu. Mimi mzima, Armelle mzima, cherehani inadai mafuta tu kama mzee yeyote. Barua yako iliposomwa hapa, Armelle alipiga vigelegele mpaka mwenye nyumba akaja kuuliza kama kuna harusi na kwa nini hakualikwa.

Nimewaambia wateja wote. Mtu akija kuchukua suruali anaondoka na suruali na habari. Tangu watu wajue kwamba mimi ni mjomba wa daktari, wananiheshimu kwa namna mpya. Jana mama muuza mboga alivua kiatu akanionyesha kidole cha mguu. Nikakitazama, nikatikisa kichwa taratibu. Akasema nimemsaidia sana.

Habari za hapa ni za kawaida, isipokuwa stima ya Kayole imekosa nguvu kabisa. Taa zinawaka, lakini zinawaka na ukungu. Na hawa wenye viwanda vya sindano wameharibika, mdogo wangu. Zamani tundu la sindano lilikuwa tundu. Siku hizi wanatoboa kama hawataki uzi upite. Nimemlalamikia Kishor, mwenye duka la vitambaa mjini, akaniambia sindano ni zilezile. Mfanyabiashara atasema nini kingine?

Huyo Kishor ameniletea kitenge kizuri mno: ndege weupe wanaoruka juu ya rangi ya samawati iliyoiva. Nimekata cha kuwatosha wewe na Miradie. Nitawashonea magauni ya siku ya shukrani kanisani, ili Mama Gires apate kitu cha kutazama.

Kuhusu Wacherokee, nimefikiri. Nadhani wagonjwa wengi wa London ni Wacherokee.

Swali dogo: Miradie anamaliza lini? Nauliza tu. Na ukiandika tena, andika herufi kubwa. Uzuri wa barua ni kusomeka.

Kaka yako,
Séraphin, fundi


Tottenham, London
12 Oktoba 2025

KAKA YANGU SÉRAPHIN,

Herufi hizi zinakutosha? Karatasi inaisha mapema, lakini sawa. Nasalimu nyumba nzima. Huku baridi imeanza, kila mtu basini anakohoa, nami nawatazama kwa huruma ya kitaalamu.

Miradie ameanza. Analala nyumbani, anakwenda chuoni kwa treni. Jumapili ile nilitangaza kanisani. Mchungaji alinipa dakika moja, nikamrudishia maikrofoni wanakwaya walipokwisha kuketi.

Wacherokee hawako London, kaka. Nimeuliza mpaka sokoni Seven Sisters. Wako kwao Amerika. Sasa nimeelewa kwa nini wanasomwa, kwa sababu kila jioni nikitoka kazini Miradie ananisomea huku nachambua majani ya sombe. Anasoma kwa Kiingereza, namwambia, "Rudia kwa lugha ya mama yako." Kiswahili chake kinachechemea kama mbuzi mwenye kamba mguuni, lakini kinafika. Mwalimu wao anasema kwamba daktari mchanga huuliza tu, "Mtu huyu ana ugonjwa gani?" Anataka wajifunze kuuliza pia, "Amepitia wapi mpaka kufika kwangu? Na kwa nini amechelewa?" Ndiyo maana amewapa historia ya watu waliopitia mengi, na ndui iliyoletwa na wageni, na madaktari wa wageni ambao wao hawakuwaamini.

Kaka, hao watu! Kwao mtoto ni wa ukoo wa mama. Nyumba ni ya mwanamke, shamba ni la mwanamke, na kwenye baraza wanawake walikuwa na sauti. Baba Miradie alipokuwa anasikiliza hapo alikumbuka kwamba amechelewa zamu. Na sikia hili vizuri: mtu mkubwa kwa mtoto si baba, ni mjomba. Kaka wa mama. Yeye ndiye anayemfundisha mtoto, yeye ndiye anayemkemea. Nilipiga meza, sombe likaruka. Nikamwambia Miradie, "Umesikia? Mjomba Séraphin ni Mcherokee!"

Halafu tukafika sura ile. Askari walikuja na bunduki, wakawatoa watu majumbani, chungu kiko motoni, wakawatembeza kwa miguu mwendo wa miezi mpaka nchi nyingine. Wengi hawakufika. Nikamwambia Miradie afunge kitabu. Akaniuliza, "Mama, kuna nini?" Nikamwambia vitunguu. Hapakuwa na vitunguu. Wewe unajua nilikuwa naona nini: wewe mbele yangu kwenye matope, tunakimbia vita Bukavu, na kichwa cha cherehani juu ya kichwa chako. Watu walibeba magodoro, wewe ulibeba chuma. Nilikutukana siku mbili nzima. Kisha chuma hicho kikatulisha.

Kesho yake nikamwambia aendelee, nataka kujua kama walifika. Walifika, kaka, waliobaki. Wakajenga upya, wakafungua shule, hata ya wasichana. Nikalala vizuri.

Umeuliza Miradie anamaliza lini. Anasoma vizuri sana.

Na macho yako je? Maana barua yako ya mwisho mistari ilianza juu ya karatasi ikamalizia sakafuni.

Mdogo wako,
Thérèse


Kayole, Nairobi
9 Novemba 2025

Mdogo wangu,

Aksanti kwa barua na kwa herufi. Tunaendelea vizuri. Armelle anaamka mapema mno siku hizi, sijui ana nini. Nikifika kibandani nakuta ameshapiga deki na kupanga uzi.

Hao Wacherokee ni watu wenye akili nyingi, na nashangaa hatukuambiwa habari zao shuleni. Jambo la mjomba nimelisoma mara tatu. Nimelisema kwenye mkutano wa mafundi pia. Sasa kwa kuwa mimi ndiye mkubwa wa mtoto, natoa maagizo: Miradie ale vizuri, asichelewe kulala, na asiolewe na mtu anayevaa suruali za kununua dukani.

Mzigo wa magauni nimemkabidhi mtu anayesafiri. Ni kazi yangu nzuri kuliko zote za mwaka huu. Nilishona mchana tu, karibu na mlango, kwa sababu ya hii stima.

Umeuliza macho. Meno yangu ni mazima.

Kuna kazi ndogo nimemwekea Miradie. Si ya haraka. Kuna watu hapa walinipa kadi ya kwenda hospitali fulani, lakini mimi niende kwa watu wa nini wakati nina daktari wa damu yangu? Kadi ni ngumu, nimeikata patani ya kukatia kola. Akimaliza tu, aje na vyombo vyake. Mimi nipo, nangoja. Hata mpaka Krismasi naweza.

Anamaliza lini?

Kaka yako,
Séraphin


Tottenham, London
30 Novemba 2025

KAKA YANGU,

SALAMU KWA WOTE. Sisi wazima, goti la Mama Gires halijambo, Bibi Madhu ananuna kwa sababu ya baridi, kana kwamba mimi ndiye niliyeileta.

Magauni yamefika.

Kitambaa kizuri. Kiuno kimekaa, mabega yamekaa, mkono wako haujasahau mwili wangu. Lakini kaka, ndege. Mbele wanaruka juu kama ndege. Mgongoni wanaruka kichwa chini, wote, kama wamepigwa manati. Gauni la Miradie mkono wa kulia wanapanda, wa kushoto wanaanguka. Na uzi ni mweusi kwenye samawati. Wewe, uliyemfukuza mwanafunzi wako kwa sababu alishona kitufe kwa uzi usiofanana!

Miradie alitaka kukunja na kuweka kabatini. Nikamwambia thubutu. Tuliyavaa kanisani siku ya shukrani, na nilitembea katikati ya viti polepole, mara mbili. Mama Gires akaniinamia wakati wa sadaka: "Mama Miradie, ndege zako zimekufa?"

Nikamjibu, "Pole, mama. Huo ndio mtindo wa Nairobi mwaka huu. Kwa fundi wangu watu wanapanga foleni."

Sasa wanawake wanne wananiomba wapate wa kichwa chini. Sijui niwaambie nini.

Lakini hilo si neno langu, kaka. Neno langu ni hili. Jumanne Miradie alinisomea kisa kipya katika kile kitabu cha wagonjwa. Mzee mmoja, fundi wa saa. Hakuwahi kusema anaumwa. Alikuwa analalamika tu: balbu za siku hizi hazina nguvu, skrubu siku hizi zinatengenezwa ndogo mno, magazeti yanatumia wino hafifu. Familia yake ikabadilisha balbu zote ndani ya nyumba. Kisa kiliandikwa vizuri, kila mtu angecheka. Miradie alicheka. Mimi niliinuka nikaenda kwenye droo nikatoa barua zako.

Stima ya Kayole. Tundu la sindano. Kioo cha simu kilichoharibika. Herufi kubwa. Nilimtajia Miradie jambo moja baada ya jingine, na kufikia la tatu hakuwa anacheka. Akauliza, "Mama, uzi mweusi kwenye samawati?" Anasema wazee wenye mtoto wa jicho, rangi ya samawati ndiyo huwapotea mapema.

Kaka, ni stima au ni macho?

Thérèse


Kayole, Nairobi
28 Desemba 2025

Thérèse,

Krismasi njema, ingawa imepita.

Stima ni stima. Muulize yeyote hapa.

Ndege hao walitaka kushuka kupumzika. Fundi wa miaka thelathini hasomewi kitabu cha fundi wa saa. Ningekuwa karibu ningekukemea kama Mcherokee.

Nimekuuliza mara mbili anamaliza lini, hii ni ya tatu. Mtu anayeuliza maswali ajibu pia ya wenzake.

Séraphin


Tottenham, London
11 Januari 2026

KAKA YANGU MPENDWA SÉRAPHIN,

Leo salamu ni fupi. Tuko wazima. Kaa chini, mwite Armelle akusomee barua hii kwa sauti, maana najua ndiye anayekusomea.

Anamaliza baada ya miaka sita.

Nimeandika. Sita. Na mwalimu wake anasema akimaliza hiyo sita, haruhusiwi kushika jicho la mtu. Kuna miaka mingine ya kusomea jicho peke yake. Ijumaa hii alijifunza kupima mapigo ya moyo. Alipima yangu, akakosea, akapima tena. Huyo ndiye daktari niliyemtangaza kwa maikrofoni. Sikukudanganya, kaka, nilitangulia tu kidogo. Nilikuwa naona mbali sana, nikafikiri na wewe unaona hapohapo, kumbe wewe huoni hata mbele ya pua na umekaa unamngoja. Mimi ndiye niliyekuweka kwenye hicho kiti cha kungojea. Nilipomwambia Miradie maneno yako, kwamba upo unangoja aje na vyombo vyake, alikwenda bafuni akafungulia maji muda mrefu. Mtoto huyu halii mbele ya watu, amefanana na wewe.

Alipotoka alisema neno ambalo wanafundishwa. Tusibishane na Mjomba kuhusu ugonjwa, tumwulize kwa nini haendi. Basi nakuuliza, kaka, bila kelele. Kwa nini huendi?

Nikusimulie ya Bibi Madhu wakati unafikiria. Alikuwa na jambo hilohilo, macho yote mawili. Aliogopa mpaka akaandika nani arithi bangili zake. Akachomwa ganzi, akalala pale kidogo, akarudi nyumbani kula dali yake ya dengu. Kesho yake walipobandua bandeji aliniita: "Thérèse! Njoo hapa! Nini hii juu ya kabati?" Vumbi. Miaka yote hiyo alikuwa haoni vumbi, na mimi niliishi kwa raha. Tangu siku hiyo napanguza juu ya kabati kila wiki. Kwa hiyo kama unaogopa, ujue anayepaswa kuogopa ni Armelle.

Na kama hutaki kusikia neno langu kwa kuwa mimi ni mdogo, sikia la Wacherokee, uliowasifu mpaka kwenye mkutano wa mafundi. Mjomba ndiye anayemfundisha mtoto. Mtoto huyu ana miaka sita ya kujifunza jinsi ya kuwashawishi wagonjwa wakaidi. Mgonjwa wake wa kwanza mkaidi ni mjomba wake. Unataka ajifunze nini?

Ulibeba chuma kichwani mpaka ng'ambo. Hospitali iko hapohapo Nairobi.

Anayekupenda,
Thérèse


Kayole, Nairobi
22 Februari 2026

Mdogo wangu Thérèse,

Tazama mwandiko wangu. Tazama mistari. Imenyooka kama reli.

Nitakuambia yote, halafu tusiseme tena. Barua yako Armelle aliisoma mpaka mwisho, kisha akaikunja, akaikunjua, akaikunja tena. Nikasema, "Sema." Akasema kila asubuhi kabla sijaamka huwa anakwenda kibandani kunitungia uzi kwenye sindano, zinasimama zimechomekwa kwenye mto kama askari, na mimi nachukua bila kujua. Ndiyo hiyo kupiga deki. Nilidhani ni viwanda vimejirekebisha.

Umeuliza kwa nini sikwenda. Sikuogopa kisu. Niliogopa foleni. Hospitali ile ni ya mtaa huuhuu. Wateja wangu wote wanapita pale. Fundi akionekana kwenye foleni ya macho, kesho yake nani atampa kitambaa? Mimi ni mgeni hapa, Thérèse, hata baada ya miaka yote hii. Mgeni ana mikono yake tu. Nikasema, akija Miradie atanitibu ndani ya nyumba, mlango umefungwa, kama jambo la familia.

Nilikwenda. Nilivaa kofia mpaka kwenye nyusi. Na kwenye foleni nilikuta nani? Mafundi watatu, yule mama wa kidole, na Kishor. Kishor! Aliyeniambia sindano ni zilezile! Akasema, "Fundi, sikujua, mimi mwenyewe nilikuwa nasoma namba kwa kubahatisha."

Walinifanyia jicho la kulia. Sikuhisi kitu ila maji na mwanga. Daktari alikuwa msichana, mdogo mno, nikamwuliza kama amemaliza ile miaka sita. Akacheka akasema na mingine zaidi. Kesho yake wakabandua.

Kwanza niliona kucha zangu. Halafu nikamwona Armelle. Ana alama ndogo shavuni, nilikuwa nimeisahau. Nimekuwa nikiishi na mwanamke mzuri bila taarifa. Halafu nikafika kibandani na kuona kazi zangu za mwaka mzima zilizotundikwa. Thérèse, kuna suruali ya mchungaji mmoja, imerudi kutiwa kifungo, mguu mmoja kahawia na mwingine wa rangi ya maharage. Ameivaa tangu Julai na hakusema neno. Nilimwendea nikamwomba radhi. Akasema alifikiri ni jaribu kutoka kwa Mungu.

Stima ya Kayole imerudi. Jicho la kushoto ni mwezi ujao.

Sasa nirudishie yale magauni. Siwezi kulala nikijua ndege wangu wanatembea London kichwa chini. Nitayafumua, nitashona upya, sawa kabisa. Na mwambie Miradie mgonjwa wake anaendelea vizuri, na kwamba mapigo ya moyo hupimwa kwa utulivu, asiwe na haraka.

Mjomba wa daktari,
Séraphin


Tottenham, London
8 Machi 2026

Kaka yangu Séraphin, wewe unayeona,

Herufi nimezipunguza. Soma na ujivune.

Huku vigelegele vilianzia jikoni. Baba Miradie alivua viatu kabla ya kulala, jambo lisilo la kawaida. Bibi Madhu amekutumia ujumbe: panguza juu ya kabati. Miradie alisoma barua yako mara mbili, kimya, kwa Kiswahili, peke yake, bila kuniita nimsaidie hata neno moja. Halafu akasema kwa Kiingereza kwamba anakwenda kulala. Nikamwacha. Nilisikia anampigia rafiki yake wa chuoni, anamwambia, "Mjomba wangu alikwenda." Kama vile amepasua yeye.

Magauni sirudishi. Sahau. Wale wanawake wanne wamekuwa kumi na mmoja, na wa kumi na mmoja ni Mama Gires. Alikuja mpaka mlangoni, na goti lile, ngazi zote zile, akasema anataka ndege wa kichwa chini, mgongoni wote, asipewe wa kupanda. Nilimwambia foleni ni ndefu. Nilimkaribisha chai, na Miradie akampima mapigo ya moyo. Hakukosea. Mama Gires ameanza kusema "daktari wetu", kaka. Wetu! Nilimwacha aseme. Kwa hiyo chukua kitambaa kwa Kishor, kaa karibu na mlango, na ushone vibaya kwa ustadi wako wote.

Ila usianze kabla hatujafika.

Ndiyo, tunakuja. Chuo kinafunga kwa Pasaka, nimeomba likizo kazini. Mimi na Miradie. Baba Miradie anabaki na sombe kwenye friza. Miradie alipokuona mara ya mwisho alikuwa na meno mawili, na tangu hapo umemwona kwa picha za simu, na hizo picha sasa najua ulikuwa unazisifu bila kuziona. Uliwahi kumsifu kwa nywele nzuri kwenye picha ya kabati langu jipya.

Kwa hiyo sikia agizo. Wewe ni mkubwa kwake, lakini mimi ni mama yake, na kwa Wacherokee unajua nyumba ni ya nani. Uje uwanja wa ndege wewe mwenyewe. Usije na kibao cha jina. Usimtume Armelle mbele. Mimi nitabaki nyuma kwenye mizigo, yeye atatoka peke yake katikati ya watu, bila kupunga mkono. Nataka umtafute kwa macho yako, umwone, umwite. Nimemwambia asigeuke mpaka asikie jina lake kwa sauti yako. Anavaa gauni lako, ndege wengine wanapanda, wengine wanashuka.

Kesho yake ni shukrani hapo kwenu. Waambie mafundi wote, Kishor na familia yake, mama wa kidole, mwenye nyumba aliyelalamika hakualikwa, na mchungaji, aje na suruali ileile. Asikose mtu. Sisi tunatua Ijumaa jioni, na shukrani ni Jumamosi, tarehe 11 Aprili.

Thérèse